Nilimwita Hayasaka Mwizi

Niliandika gazetini kwamba Fumio Hayasaka aliiba. Ndilo neno nililotumia, na darasani niliwafundisha wanafunzi wangu wa muziki hivyo hivyo: mtunzi wa muziki wa Rashomon, filamu ya mwaka 1950, alichukua Bolero ya Maurice Ravel, akaigeuza kidogo, akaiweka pale mke wa samurai anaposimulia yaliyompata. Nilisema kwa sauti ya mtu aliyechunguza. Sikuwa nimechunguza chochote. Nilisikia mdundo unaofanana, nikahukumu.

Baadaye nikasoma kumbukumbu za Akira Kurosawa, mwongozaji wa filamu hiyo. Anaeleza kwamba mdundo wa bolero ulikuwa ukimlia kichwani alipokuwa akiandika sehemu ya yule mwanamke, na kwamba ni yeye aliyemwomba Hayasaka atunge muziki wa namna hiyo. Kumbe mtunzi alitimiza alichoombwa. Lawama yote nimemtwisha yeye, tena marehemu asiyeweza kujibu.

Kinachoniuma zaidi ni kwamba kazi zake nyingine sikuwa nimezisikiliza. Hayasaka alizaliwa Sendai mwaka 1914, akakulia Sapporo, na utunzi alijifunza zaidi peke yake, akiwa na rafiki yake Akira Ifukube, ambaye baadaye aliitungia muziki filamu ya Godzilla. Mwaka 1939 alihamia Tokyo kwa kazi ya filamu. Katika Yoidore Tenshi ya 1948, yeye na Kurosawa walikataa kuweka muziki wa huzuni juu ya tukio la huzuni. Jambazi mgonjwa, aliyekwisha heshima, anapita sokoni huku kipaza sauti kikipiga waltz ya kuchangamka, na uchangamfu huo ndio unaomdhalilisha. Sijui filamu nyingi zinazothubutu hivyo. Kisha sikiliza Samurai Saba ya 1954: wakulima amewapa sauti nzito za wanaume wanaovumisha midomo ikiwa imefumbwa, bila neno hata moja, na unyonge wao wote umo humo. Mtu wa namna hii ndiye niliyemwita mwizi.

Kifua kikuu kilimuua Oktoba 1955, akiwa na miaka 41, muziki wa filamu nyingine ya Kurosawa ukiwa mikononi mwake. Mwanafunzi wake Masaru Sato akaumalizia. Toru Takemitsu, aliyewahi kumsaidia kazi, alimwomboleza kwa Requiem ya ala za nyuzi mwaka 1957.

Nilipeleka masahihisho gazetini yakachapishwa. Hayo yalikuwa mepesi. Mazito ni wanafunzi, kwa kuwa baadhi yao sasa ni walimu na wanafundisha nilichowapa. Nawatafuta mmoja mmoja na kuwaambia nilikosea. Bado namsikia Ravel katika kipande kile, na darasani silifichi hilo. Ila sasa naanza kwa kusema nani aliagiza, halafu nawawekea Samurai Saba yote.