Kamera ya bomba ilipokataa kuonyesha picha



Kwa wiki mbili sasa, kila tunapokutana sokoni swali ni moja: ile kamera iliyonunuliwa kwa pesa ya kisanduku, inafanya kazi ao haifanyi? Inafanya. Lakini kwa siku 3 ilikataa kabisa, na katika siku hizo maneno mengi yalisemwa juu ya mweka hazina wetu. Tunawaandikia ili kila mama ajue ni kitu gani kilichokuwa kinasumbua, na pia kwa sababu tumesikia kuna vikundi vingine vinavyowaza kununua ya kwao.

Sababu ya kuinunua mnaijua. Katika parseli tunamokutania hapa Bukavu, maji machafu ya jikoni na ya bafu hupita ndani ya bomba lililozikwa chini ya sementi, kutoka nyuma ya nyumba hadi kwenye mfereji wa barabara. Mvua ilipokaza, maji yakaanza kurudi. Yalisimama karibu na tangi la maji ya mvua, pale pale watoto wanapochotea. Kipindupindu ni ugonjwa unaojulikana katika Kivu yetu, hakuna haja ya kumweleza mama hatari ya jambo hilo. Fundi akaitwa. Akasema hawezi kujua mahali bomba limeziba, basi avunje sementi yote, mita 11, halafu ajenge upya. Dola 180. Pesa hiyo ilikuwamo ndani ya kisanduku, lakini akina mama 9 walikuwa wamekwisha kuiomba kwa ajili ya minervali ya watoto wa sekondari. Ndipo mmoja wetu aliposema ameona kwa fundi wa magari kamera nyembamba inayoingizwa ndani ya injini, na picha ikatokea kwenye simu. Tukaitafuta. Tulilipa dola 25.

Ni waya mgumu kidogo, wetu una mita 5. Kwenye ncha kuna kamera ndogo kuliko ncha ya kidole, imezungukwa na vitaa. Upande wa pili waya unaingia katika kidude chenye betri, na kidude hicho ndicho kinachopeleka picha kwenye simu kwa njia ya waifai. Tulichaji, tukaweka programu, tukafungua. Skrini nyeusi. Tukazima, tukawasha. Nyeusi. Mara moja picha ilitokea, tukapiga kelele za furaha, halafu ikapotea. Jioni hiyo kulikuwa na akina mama waliosema dola 25 zimetupwa majini, na wengine waliosema mabaya kuliko hayo. Muuzaji naye alisema kitu kikiisha kufunguliwa hakirudi.

Sasa tusikilizane vizuri, maana shida yote ilikuwa hapa. Tukisikia neno waifai tunafikiri intaneti, na tukisikia intaneti tunafikiri mega. Waifai ya kamera hii haina intanet​i hata kidogo. Ni njia fupi kati ya kidude na simu, basi. Haili mega hata moja. Lakini simu haijui hivyo. Simu ya siku hizi imefundishwa kutafuta intaneti kila wakati. Ikiingia kwenye waifai ya kamera na kukuta hakuna intaneti, inafanya kama mwanafunzi aliyeingia darasani akakuta mwalimu hayupo: inatoka polepole na kwenda kukaa kwenye darasa lingine. Inarudi kwenye mega za kadi ya simu bila kukuuliza, ao inakuuliza kwa maandishi madogo yanayopita haraka. Programu inabaki inatafuta kamera mahali ambapo kamera haipo. Ndiyo ile skrini nyeusi.

Dawa yake ni kufunga milango mingine. Zima mega, pale palipoandikwa « Données mobiles ». Ingia katika orodha ya waifai, chagua jina la kidude cha kamera, andika neno la siri lililo kwenye karatasi yake (mara nyingi ni namba 1 hadi 8 zikifuatana). Simu ikikuambia mtandao huu hauna intaneti, je, unataka kubaki? jibu ndiyo. Ikiwa waifai ya nyumbani ao ya jirani imewekwa kumbukumbuni mwa simu, iondoe kwa muda, la sivyo simu itakimbilia huko. Halafu tu ndipo ufungue programu. Sisi tulipofuata mpango huo, asubuhi ya siku ya 4, picha ilikuja na ikakaa. Mama mweka hazina hakusema neno. Alisogeza kamera mbele ya uso wa yule aliyemsema sana, tukaona pua yake kubwa kwenye skrini, na kicheko kikamaliza mengine.

Kulikuwa na vitu vingine vidogo. Programu yenyewe ipakue mapema, wakati mega bado zinafanya kazi, kwa sababu ukiisha kuingia kwenye waifai ya kamera huwezi tena kupakua kitu. Na iwe ile ile ya kamera yako: kwenye karatasi kuna mraba wenye madoa meusi, usomeshe simu mraba huo. Programu za namna hii zina majina yanayofanana kama mapacha, na isiyo ya kamera yako inaweza kufunguka vizuri sana bila kuonyesha kitu. Itaomba ruhusa ya kuhifadhi picha, na hiyo ni haki yake. Ikiomba kusoma namba za watu wako ao mesaji zako, kataa, bomba halina rafiki wa kupigia simu.

Katika simu nyingi za Android programu huomba pia « Localisation ». Akina mama waliogopa: inataka kujua tunakaa wapi? Ukweli ni kwamba Android haiachi programu itafute waifai za karibu kama ruhusa hiyo imefungwa. Iwashe wakati wa kazi, ukimaliza izime. Kwa wenye iPhone, tangu iOS 14 ya mwaka 2020, simu inauliza kama programu iruhusiwe kufikia vyombo vilivyo kwenye mtandao wa karibu. Aliyejibu hapana siku ya kwanza atabaki na skrini nyeusi mpaka aingie kwenye « Réglages » na kuibadilisha.

Siku moja jina la kidude lilipotea kabisa kwenye orodha. Betri. Umeme wetu mnaujua, unakuja usiku ukiwa umelala na kuondoka kabla ya kuamka, na kidude kilikuwa kimechajiwa nusu. Betri ikichoka, picha inaganda kwanza, halafu waifai inazimika. Siku nyingine picha iligoma kwa sababu watoto wa parseli walikuwa wamekwisha kuingia kwenye waifai ile ile kwa simu ya kaka yao, wanajitazama meno. Kidude chetu kinahudumia simu moja tu.

Picha ikiwa na ukungu si programu: pangusa kioo kwa kitambaa laini, na usisogee karibu mno, kwani kamera hizi huona vizuri kwa umbali wa sentimita chache, haziwezi kusogeza macho kama sisi. Ikiwa giza, zungusha kigurudumu cha taa.

Tukaingia ndani ya bomba. Kutokea jikoni waya ulifika mwisho wake na hatukuona kitu zaidi ya mafuta yaliyoganda. Tukahamia upande wa barabara. Kwa mita 3 na zaidi kidogo, kwenye skrini ikatokea kama nywele za mtu, nyingi, zikiyumba ndani ya maji. Mama mmoja alirudi nyuma akataja jina la Yesu. Ilikuwa mizizi. Mti wa avoka wa jirani umeingiza mizizi yake mahali mabomba mawili yanapoungana, na kwenye mizizi hiyo kumekamatwa kipande cha kitenge na mifuko ya plastiki. Tulishika waya kwa vidole pale unapoingilia bombani, tukauchomoa bila kuachia, tukaulaza juu ya sementi. Tukachora alama kwa chaki ya shule.

Fundi alikuja, akatazama picha iliyohifadhiwa kwenye simu, akatazama alama ya chaki, akakuna kichwa. Alivunja mita moja tu. Mizizi ilikuwa chini ya alama, pungufu ya kiganja kimoja. Alikata, akabadilisha kipande cha bomba, akafunga. Dola 35 pamoja na sementi. Maji yanapita. Na ile pesa nyingine imegawanywa kwa akina mama 9 Jumamosi iliyopita, kisanduku kikiwa wazi na wenye funguo 3 wote wakiwepo. Juu ya mti wa avoka, mazungumzo na jirani yanaendelea. Anatuletea matunda, kwa hiyo hakuna anayependa kuwa wa kwanza kutaja shoka.

Waya unaotoka kwenye maji machafu uoshwe kwa sabuni, halafu kwa maji yenye klorini, na anayeushika avae glavu. Kichwa cha kamera na waya wake huvumilia maji. Kidude hakivumilii, kisiloweshwe hata kwa tone.

Kamera iko kwa mweka hazina. Kikundi kinachoihitaji kimpigie siku moja kabla ili aichaji usiku, na kije na simu ambayo programu imekwisha kuwekwa ndani.