Uluguru, Njia ya Wapagazi

Ukitaka kuijua Morogoro, panda Uluguru alfajiri, ushike njia ya Morningside. Utapishana na akina mama wanaoteremka na mboga kichwani, wakiliwahi Soko Kuu la Chifu Kingalu. Mwinuko ni mkali, kijito kinanguruma pembeni, na ukungu ukifunguka mji wote uko chini yako, reli ikiupasua. Walioiita Morogoro mji kasoro bahari hawakutia chumvi.

Reli hiyo Wajerumani waliifikisha hapa mwaka 1907. Agosti 1916, katika Vita ya Kwanza ya Dunia, majeshi ya Waingereza chini ya Jenerali Smuts yaliuteka mji, naye Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani, akarudi kusini, akiizunguka milima hadi Kisaki. Mbung'o waliwamaliza farasi na punda, hivyo risasi, unga na vyuma vya mizinga vikapanda vichwani na mabegani mwa Waafrika. Kwa upande wa Waingereza pekee, wapagazi waliokufa katika vita hiyo hukadiriwa karibu laki moja, wengi wao kwa maradhi na njaa.

Na askari je? Wengi waliotekwa wakimtumikia Mjerumani waliandikishwa keya, yaani King's African Rifles, jeshi la Waingereza, mwaka 1917, wakapewa bunduki za kuwapiga wenzao wa jana. Katika Vita ya Pili ya Dunia, vijana wa Tanganyika walivushwa hadi Burma kupigana na Wajapani, ambao nao walikuwa wamewachukua vijana wa Taiwan, koloni lao tangu 1895. Simwiti msaliti hata mmoja. Aliyetawaliwa hakuchagua bendera.

Ukitaka kufika Kisaki leo, kutoka mjini pitia Bigwa, Matombo na Mvuha. Ni barabara ya kuipitia taratibu, migomba upande mmoja, milima ya kijani upande wa pili, mito ikishuka kila baada ya kona. Mbele zaidi ni Behobeho, alikouawa Frederick Selous, mwindaji Mwingereza aliyekuwa vitani, Januari 1917. Kaburi lake lipo, na pori la akiba likabeba jina lake kwa miongo mingi. Wapagazi waliopita humo hawana jiwe. Aprili 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri kwamba Waafrika wengi hawakuandikwa majina, na serikali ya Uingereza ikaomba radhi bungeni.

Radhi hiyo bado haijaonekana kando ya barabara ya Kisaki. Natamani ijengwe hapo kumbukumbu ya wapagazi, na wazee wa Matombo na Mvuha waulizwe kwanza majina yaliyobaki katika koo zao.