Katlesi za kaa bila kiazi

Ukitaka kumtusi mpishi wa Baltimore, mwambie katlesi zake za kaa zina mkate mwingi. Huku Maryland, kando ya ghuba ya Chesapeake, kaa ndiye fahari ya jimbo, na katlesi zake husifiwa kwa uchache wa vikorombwezo. Ratli moja ya nyama ya kaa huwekewa yai moja, vijiko vichache vya mayonezi, haradali kidogo, matone ya sosi ya Worcestershire, kiganja cha biskuti za chumvi zilizopondwa, na Old Bay. Hii ni bizari ya kopo aliyoibuni Gustav Brunn hapo hapo Baltimore mwaka 1939, baada ya kuikimbia Ujerumani ya Hitler. Ina chumvi ya selari, paprika na pilipili. Kwa pua ya Mombasa ni bizari ya upole mno, lakini tuyaache hayo.

Katlesi zetu sisi wa Mombasa ni kiazi kwanza. Nyama ya kusaga au samaki hufuata, pamoja na dania, thomu, pilipili na ndimu, kisha yai na chenga za mkate. Hazina aibu yoyote, na wakati wa kufuturu nusu kilo ya nyama hulisha ukoo mzima. Ila ukimtia kaa humo, umempoteza. Nyama yake ni tamu na laini, kiazi huifunika. Hapa nawapa ushindi wenyeji wangu.

Wao huanza kukoroga yai na viungo peke yake, halafu nyama huingizwa kwa vidole, taratibu, mapande yake yabaki mazima. Madonge manene hukaa kwenye friji kama saa moja. Ukiharakisha, yatasambaratika kikaangoni. Siagi na mafuta kidogo, moto wa wastani, na kugeuza ni mara moja tu, ukingo wa chini ukishakuwa wa kahawia.

Kazi kubwa, hata hivyo, ilishafanywa kabla hujawasha jiko. Dukani nyama huuzwa kwenye vikopo, imeshachambuliwa na kupangwa kwa madaraja: mapande makubwa ya kwenye maungio ya miguu ya kuogelea ni ghali kabisa, ya magando ndiyo rahisi. Kuna mtu ameketi na kisu kidogo akaitoa nyama hiyo kipande kwa kipande. Kwenye viwanda vya pwani ya mashariki ya Maryland, wachambuaji wengi ni wanawake wanaotoka Mexico kwa vibali vya kazi vya msimu. Na vikopo vingi vya madukani hutoka Indonesia na Ufilipino, vya kaa wa aina nyingine kabisa. Fahari ya Maryland, kwa hivyo, mara nyingi imevuliwa Asia.

Nyumbani unauziwa kaa mzima, hai, magando yamefungwa kamba, mdomoni anatoa mapovu. Kuchambua ni shauri lako. Ndiyo maana tunamtia kwenye tui na gamba lake: mchuzi unapata utamu, na kila mlaji anajivunjia mwenyewe. Kule Dabaso, kwenye hori la Mida karibu na Watamu, kikundi cha wanakijiji wanaofuga kaa wanauza sambusa za kaa, na hiyo ni akili nzuri, kwani nyama kidogo inafika mbali ndani ya manda.

Lakini kaa wetu wa mikoko anaweza kupita kilo moja, uzito ambao wa Chesapeake haufikii. Gando lake, ambalo kwa Mmarekani ni daraja la mwisho, kwetu ndilo lenye minofu minene. Basi ukimpata mkubwa, mchemshe, yavunje magando kwa mchi, na nyama yake ukaange katlesi bila kiazi hata kimoja. Badala ya Old Bay tia ndimu, dania na pilipili mbichi. Mwili na miguu vipeleke kwenye nazi. Na ukikosa biskuti za chumvi, za chai usiziguse: zina sukari.