Kituo cha anga juu ya kabati

Kama mumeo au mkeo anafanya kazi mbali, hii habari ni yako. Kaa kitako, weka simu pembeni, tuongee.

Mwezi wa Machi 2023 mgeni aliyetoka Maskati alipiga hodi nyumbani kwetu Kiponda, Mji Mkongwe. Jasho linamtiririka, maana ngazi zetu zile mnazijua wenyewe. Mkononi kabeba boksi limezungushiwa selotepu kama maiti iliyovishwa sanda. "Mzigo wa mtoto huu, kautuma baba yake."

Mwanangu wakati huo alikuwa na miaka minane. Alilirukia lile boksi karibu amwangushe mgeni wa watu. Tulipochana selotepu tukakuta Lego, ile seti ya Kituo cha Kimataifa cha Anga iliyotoka mwaka 2020. Vipande 864. Kuna sola nane za kugeuzwa geuza, kuna mkono wa kubebea mizigo, kuna wanaanga wawili wadogo kuliko ukucha wa kidole kidogo. Na pembeni ya boksi imeandikwa umri wa mchezaji: miaka 16 na kuendelea.

Ile 16 niliisoma mara mbili. Nikacheka, lakini kile kicheko cha upande mmoja wa mdomo. Yaani huyu bwana keshasahau mwanawe ana umri gani?

Jioni akapiga simu. Mtoto anaruka ruka, baba mtu anacheka. Huko Ghuba mwezi ule stori ilikuwa moja tu, Sultan AlNeyadi, kijana wa Falme za Kiarabu aliyerushwa tarehe 2 Machi kwenda kukaa miezi sita kwenye kituo hicho hicho. Ndiyo maana mume wangu akaingia dukani. Akamwambia mtoto, "Usilifungue. Nakuja Idi, tutalijenga mimi na wewe."

Mtoto akaliweka juu ya kabati la nguo. Kila siku akitoka chuoni anapanda kiti, analifuta vumbi kwa fulana yake, anashuka.

Sasa tuseme ukweli. Seti ile ilipotoka ilikuwa inauzwa dola 70, kwa pesa yetu zaidi ya laki moja na nusu. Mwezi uleule ada ya skuli ilichelewa, mtungi wa gesi umekwisha, na mie nimekopa kwa mwenzangu ofisini. Kila nikiingia chumbani nalitazama lile boksi, nalo linanitazama. Sikusema kitu. Wanawake wenzangu mnajua, "sikusema kitu" huwa ni akiba, ikijaa ndiyo tunaitoa yote kwa mkupuo.

Ikajaa siku ya Idi el Fitri. Mwezi wa Aprili, Ramadhani imekwisha, ruhusa ya kazini hakupewa. Mtoto kavaa kanzu mpya, kapewa sikukuu yake na wakubwa, kaenda Mnazi Mmoja na wenziwe. Karudi na miwani ya plastiki na bastola ya plastiki, vyote vimevunjika kabla ya Magharibi. Boksi liko palepale. Usiku kalala na kanzu yake, viatu miguuni. Nikampigia baba yake.

"Mtoto kalala na nguo za sikukuu. Alikuwa anakusubiri."

"Si nimemletea zawadi?"

"Hukumletea zawadi. Umemletea vipande 864 vya kukungojea wewe."

Kimya. Halafu akasema, "Unadhani mie huku nastarehe?" Simu ikakatika. Mpaka leo sijui ni bando lilikwisha au ni yeye.

Siku tisa tuliishi kwa meseji. Ada imefika? Imefika. Mtoto mzima? Mzima. Wanandoa mliopita huko mnaijua ndoa ya aina hiyo. Mnaulizana kama karani na mteja wa benki.

Siku ya kumi akaja baba yangu mzazi kutoka shamba, Tunguu, na kikapu chake cha mihogo na ndimu. Nilimwamkia, akakaa barazani na mjukuu wake. Nikiwa jikoni namsikia, "Hebu niteremshie hilo dude nilione." Akavaa miwani, akaligeuza geuza boksi.

"Nini hiki?"

"Kituo cha anga, babu. Kiko juu huko, kinazunguka."

"Aa. Sisi Tunguu tulikuwa nacho cha kwetu."

Mtoto akaangua kicheko, akidhani babu anamtania. Mie mwenyewe, na shahada yangu ya mawasiliano, nilikuwa nimelisikia jambo hili kijuujuu tu. Kumbe ni kweli tupu. Mwaka 1960 Waingereza, waliokuwa wakitutawala wakati ule, walikubaliana na Marekani kijengwe kituo hapa Unguja kwa ajili ya mradi wa Mercury, ule wa kumpeleka Mmarekani wa kwanza kuizunguka dunia. Chombo kile kilikuwa kinakwenda kasi mno, hakuna sehemu moja ya dunia inayoweza kukisikia muda wote. Kwa hiyo wakapanga vituo kama shanga kwenye uzi. Kikitoka visiwa vya Kanari kinapokewa Kano, Nigeria. Kikitoka Kano kinapokewa Zanzibar. Baada ya Zanzibar kuna meli iliyotia nanga Bahari ya Hindi, kisha Australia.

Tarehe 20 Februari 1962 John Glenn alizunguka dunia mara tatu kwa muda wa kama saa tano, na watu wa Tunguu walikuwa masikioni. Hawakuwa na rada. Kazi yao ilikuwa kuzungumza naye na kupokea vipimo vya chombo na mapigo ya moyo wake, kisha kuvituma Marekani. Kila alipopita juu yao walikuwa na dakika chache tu, basi, keshapita.

Baba yangu alikuwa na miaka 11. Anakumbuka milingoti na nyaya, na wazungu kwenye magari yao. Anakumbuka pia wakubwa wakibishana barazani, maana wapo waliokipinga kwa nguvu, wakiogopa kuwa ni kambi ya makombora na siku vita ikija tutapigwa sisi. Baada ya Mapinduzi ya Januari 1964 serikali ya Mzee Karume ikataka kiondoke, na mwaka huohuo kikafungwa.

"Twende tukaone!" mtoto kasimama tayari, na ndala mguuni.

Ijumaa tukapanda gari ya abiria, watatu sisi. Tunguu ya leo ina majengo ya chuo kikuu cha taifa, SUZA, ina vijana na mabegi yao. Mlingoti hata mmoja hatukuuona. Babu alitupitisha kwenye minazi na miembe, akasimama, akaonesha kwa bakora: "Upande huu." Mtoto akatazama majani, akatazama juu, akauliza, "Sasa aliyeko juu anamsikia nani?"

Babu hakumjibu. Alinigeukia mimi. Baba yangu si mtu wa kuingia ndoa za watu, na tangu niolewe sikumbuki kama aliwahi kuniuliza lolote. Siku ile akasema, "Mwanangu, yule aliyekuwa juu alikuwa na dakika chache tu na watu wa hapa. Lakini walikuwa wanamngoja tayari, mashine zimewashwa. Akifika wanampokea. Hawakuanza kumuuliza mbona jana hukupita."

Nikainamisha kichwa, nikajifanya nafunga kamba ya kiatu cha mtoto. Mtoto alivaa ndala.

Usiku ule nilimpigia mume wangu. Sikuomba msamaha na wala sikuutaka wake. Nilimwambia, "Kesho baada ya Isha yetu tunafungua boksi. Wewe uwe kwenye simu. Ukiweza kuwepo karibu, usipoweza tutaanza, utatukuta njiani."

"Nilimwambia anisubiri."

"Kasubiri, baba. Kasubiri vya kutosha."

Akanyamaza kidogo. "Haya."

Hivyo ndivyo tulivyojenga. Simu tuliisimamisha kwenye kopo la biskuti. Kijitabu cha maelekezo kinapatikana pia kwenye intaneti, kwa hiyo yeye kule Maskati alikuwa na kurasa zake, sisi tuna zetu. Yeye anasoma picha, mtoto anasaka kipande kwenye sinia, mie nashika taa umeme ukikatika. Wenzake wa chumbani nao wakaingia kazini. Bwana mmoja wa Kerala, fundi umeme, ndiye aliyegundua tumeziweka sola mbili kinyume. Mtandao ukikatika mtoto anapaza sauti, "Kano imekupoteza, Zanzibar tunakupokea!"

Siku nyingine alikuwa hapatikani, kapangwa zamu ya usiku. Ilikuwa inaniuma bado, sitaki kuwadanganya. Lakini mtoto alikuwa keshajifunza kuwa kupotea kwa dakika chache si kutupwa.

Usiku mmoja mtoto kasinzia kwenye mkeka, kipande bado kiko mkononi. Mume wangu akasema taratibu, "Unajua kwa nini nilinunua kile kikubwa? Nilisimama dukani sijui mwanangu siku hizi anapenda nini. Nikaona nikichukua kikubwa kuliko vyote sitakosea."

Jamani. Miezi yote ile mie nilidhani ni ubadhirifu, kumbe ni aibu. Mtu hajui mtoto wake anapenda nini na hana wa kumuuliza, kwa sababu mkewe akipokea simu anajibu "Imefika", "Mzima". Na mie nikamwambia langu, deni la ofisini na gesi iliyokwisha. Hakuwa anajua. Nitamlaumu vipi kwa jambo nililomficha?

Kile kituo chenyewe, nilikuja kusoma baadaye, nacho hakikujengwa mahali pamoja. Kipande cha kwanza, Zarya, kilitengenezwa Urusi na kikarushwa Novemba 1998. Cha pili, Unity, kimetoka Marekani na kikafuata Desemba. Vilikutana hukohuko juu, vikashikana. Safari zaidi ya 40 zikafuata, na tangu Novemba 2000 kituo hakijawahi kukaa bila mtu ndani. Kiko kilomita kama 400 juu yetu na kinaizunguka dunia kwa dakika kama 90.

Na kinaonekana kwa macho! Wasomaji wengi hawalijui hili. Huhitaji darubini. Jioni moja ya Mei tulikwenda Forodhani baada ya Magharibi, mtoto kashika mshikaki, mie nimeshika simu. Kikatokea kusini magharibi, juu ya bahari. Taa moja nyeupe, kali kuliko nyota, haipepesi, haina sauti, inakwenda kwa haraka kama mtu mwenye miadi. Ikapita kichwani kwetu ikaelekea kaskazini mashariki. AlNeyadi yumo mle ndani.

"Baba!" mtoto anapiga kelele, wauza urojo wote wamegeuka. "Toka nje! Kinakuja kwenu!"

Kasi ile si mchezo. Kutoka Unguja mpaka usawa wa Maskati ni dakika kama kumi. Mume wangu kapanda juu ya paa na simu sikioni, na fundi wa Kerala nyuma yake. Tukawa tunasikia wanapumua. Dakika zikapita. Halafu nikamsikia akisema, polepole, kwa sauti ambayo sikuwa nimeisikia tangu tuchumbiane, "Nakiona. Wallahi nakiona."

Mtoto akauliza, "Baba, na Sultan kule juu mwezi wa Idi aliuona wapi?" Tukacheka sote watatu. Suala hilo hapa kwetu chini limewashinda wazee kila mwaka!

Alikuja Idi el Hajj, mwishoni mwa Juni. Kituo kilikuwa kimekamilika, kimewekwa juu ya kabati, nje ya boksi lake. Alikitazama muda mrefu. Nilimwona uso ukibadilika, nikajua anawaza nini, kwamba kazi imekwisha bila mikono yake. Akamwambia mtoto, "Tukibomoe tuanze upya?"

"Hapana baba. Hiki ushakijenga." Mtoto kaingia uvunguni, katoka na makopo mawili ya maziwa, waya na ndala mbovu. "Nifundishe gari. Babu kasema wewe unajua."

Likizo nzima waliimalizia barazani, wanakata magurudumu ya ndala. Gari lenyewe lilikuwa linakwenda upande. Gharama yake, sifuri.

Mkataba wa mume wangu ulikwisha 2024, siku hizi yuko nyumbani na tunagombana kwa mambo ya kawaida, nani kaacha taulo kitandani na nani kamaliza maji ya moto. Alhamdulillahi.

Kwa mlio mbali mbali bado, nawaachia neno moja. Zawadi tumeni, hakuna anayekataa. Lakini aliyeko safarini aulize mtoto siku hizi anapenda nini, na aliyebaki nyumbani asijibu "Mzima" akanyamaza. Mwambie gesi imekwisha. Mwambie mtoto kang'oka jino. Wekeaneni saa, na ikifika, mashine ziwe zimewashwa.