Michungwa ya Babu

Babu yangu alikuwa na shamba la michungwa nje kidogo ya Nansio, Ukerewe, na kila mti aliubebesha kwa mkono wake. Shina lilikuwa la mlimau, maana mlimau huvumilia ule mchanga wa kwetu. Alichana gome kwa kisu chembamba, akapenyeza jicho la mchungwa, akalizungushia utepe wa nailoni uliokatwa kwenye mfuko. "Usiliguse, mjukuu wangu. Litaamka lenyewe."

Machungwa yake yaliiva yakiwa na rangi ya kijani. Mgeni akiyadhania mabichi, Babu alimmenyea moja palepale, akasimama kumtazama akila.

Mavuno tuliyapanga kwenye matenga, mtumbwi ukayavusha hadi mwaloni Kirumba, Mwanza. Ndiyo yaliyonisomesha.

Kisha akaja sangara. Alipandikizwa ziwani miaka ya 1950 na 1960, upande wa Uganda na Kenya. Miaka ya 1980 alikuwa amefurika huku kwetu, na furu, samaki wetu wadogo wa asili, wakawa wanapotea. Mwenye mtumbwi aliyekuwa akimbembeleza Babu ampe mzigo sasa alibeba samaki tu. Machungwa yakaozea chini ya miti. Tena kuna jambo ambalo watu wa mbali hawalijui: furu na dagaa unawaanika juani, lakini sangara ana mafuta mengi, lazima umkaushe kwa moshi au umkaange. Moshi unataka kuni. Babu alipofariki, baba zangu wadogo waliuza michungwa kwa wakaushaji, mti mmoja mmoja, kila ada ya shule ilipodaiwa. Sikuwalaumu. Niliumia tu.

Mwaka 2006, tukiwa tumebanana sebuleni kwa jirani, niliitazama *Darwin's Nightmare*, filamu ya Hubert Sauper ya mwaka 2004 kuhusu sangara wa Mwanza. Ilikuwa imefika hadi kuwania Oscar. Mwaka huohuo Rais Kikwete aliilaani, watu wakaandamana mjini, hasa kwa sababu ilihusisha ndege za minofu na biashara ya silaha. Hayo ya silaha sikuweza kuyapima. Mapanki niliyajua: shangazi yangu aliyauza, na alipoyaona kwenye kioo, vichwa na mifupa vikiwa vimeanikwa, vingine vikikaangwa kwa kuni, alinyamaza muda mrefu. Kisha akasema, "Kuni zile zilitoka kwa baba."

Baada ya maneno hayo sikuifuata tena filamu. Niliona moshi, nikaona shamba.

Wiki iliyofuata nilipanda meli kwenda Nansio. Visiki vingi vilikuwa vimeoza. Kimoja, karibu na kisima, kilikuwa kimechipua matawi yenye miiba mirefu, yameinama kwa matunda ya manjano yenye ngozi ya vinundu. Nilipiga goti kukitazama. Shoka lilikuwa limepita chini ya pale Babu alipobebesha, kwa hiyo kilichoota ni mlimau wa shina. Nilijaza kikapu. Jioni Shangazi alikamulia limau moja juu ya sato wa kuchoma, na mbegu akaziweka pembeni, kwenye kisosi.