Chemsha Bongo ya Newala

Newala imekaa ukingoni. Ukiliacha boma la Wajerumani ukatembea kidogo kuelekea bonde la Ruvuma, ardhi inakatika ghafla, na genge hilo watu wanaliita Shimo la Mungu. Chini, mbali, mto unang'aa kama wembe, na baada ya mto ni Msumbiji. Sisi tuliokulia pale miaka ya sabini tuliiona nchi ya kigeni kabla ya kuuona ubao wa darasani. Maji nayo tuliyaona kwa mbali vilevile, kwa kuwa uwanda wa Makonde hauna mto juu yake. Mvua huzama mchangani, na kabla ya mabomba kufika bibi zetu waliteremka mabondeni alfajiri, wakapanda tena na mtungi mmoja kichwani.

Mwalimu wetu wa jiografia alikuwa mtoto wa misheni ya Masasi. Kila Ijumaa, kipindi cha mwisho, alituwekea chemsha bongo. Shule za jirani zilishindana kutaja miji mikuu basi: Ghana, Accra, Peru, Lima. Kwake hiyo ilikuwa nusu alama tu. Nusu ya pili uliipata ukieleza nchi hiyo ilifikaje kwetu, Newala au Masasi.

Brazili ilikuwa rahisi. Mji mkuu ni Brasília, tangu 1960 ulipohamishwa kutoka Rio de Janeiro. Ilifikaje? Kwa mkorosho. Wareno ndio walioutoa kule karne ya 16 wakaupanda Msumbiji, nao ukasambaa mpaka mashambani kwetu. Hatukuamini mara moja. Mkorosho ulikuwa ukitununulia sare na madaftari, na msimu wa mabibo uraka wake uliwalaza wajomba zetu vichakani. Mti wa namna hiyo ungewezaje kuwa mgeni? India ilijibiwa kwa mti huohuo: New Delhi, na magunia yetu ya korosho ghafi yaliyosafirishwa kwenda kubanguliwa Kerala.

Uingereza ilitupeleka Masasi, katikati ya vilima vya mawe vinavyoonekana kutoka mbali. Mwaka 1876 Askofu Edward Steere alifika hapo kutoka Zanzibar na kundi la watu waliokombolewa utumwani, akawaanzishia kijiji na misheni. Ni Steere huyohuyo aliyeandika kitabu cha sarufi ya Kiswahili. Afrika Kusini ilikuwa mtego, maana Mwalimu alitaka miji mikuu yote mitatu: Pretoria, Cape Town na Bloemfontein. Nusu ya pili alikuwa Trevor Huddleston, padri aliyeupinga ubaguzi wa rangi Johannesburg, kisha akawa Askofu wa Masasi kuanzia 1960 hadi 1968. Uchina, Peking: wakufunzi waliowafunza wapiganaji wa Frelimo, waliopigania uhuru wa Msumbiji, kambini Nachingwea.

Siku moja mwenzetu mmoja mtundu, ambaye aliruhusiwa kuchagua nchi, akamtega Mwalimu mwenyewe. Alisema Bulgaria. Mji mkuu Sofia, sawa, lakini Bulgaria na Newala wapi na wapi? Darasa likaangua kicheko. Mwalimu akaomba wiki moja.

Ijumaa iliyofuata alikuja na jibu. Novemba 1917 jeshi la Wajerumani la von Lettow-Vorbeck lilikuwa limebanwa na Waingereza huku kwetu, likiwa limeishiwa risasi na dawa. Ujerumani ikaunda chombo cha angani kilichojazwa gesi, L59, kirefu zaidi ya mita 220, kije na mzigo wa tani kama 15. Kiliruka tarehe 21 kutoka Jamboli, nchini Bulgaria, na kilikokuwa kikija ni uwanda wa Makonde. Kisingerudi tena, kwa sababu huku hakukuwa na gesi ya kukijaza; kwa hiyo kilitengenezwa ili kichanwe kikifika. Turubai lake lingekuwa mahema na nguo, na mifupa yake ya metali nyepesi ingesimamishwa kuwa milingoti ya redio. Kilivuka Mediterania na Misri. Kilipokuwa juu ya Sudan kikapokea habari kwamba nyanda za Makonde zimeshaangukia mikononi mwa Waingereza. Kikageuza. Kilitua Jamboli tarehe 25, baada ya saa 95 hewani, na siku hiyohiyo Lettow-Vorbeck alivuka Ruvuma akawapiga Wareno pale Ngomano.

Hakuna aliyecheka tena. Nilikwenda ukingoni jioni ile nikatazama kaskazini, upande ambao siku zote nilikuwa nimeupa mgongo.

Ureno, iliyokuwa ikiitawala Msumbiji, haikuhitaji maelezo. Darasani tulikuwa na wenzetu ambao wazazi wao walikimbia kutoka upande wa Mueda, ng'ambo ya Ruvuma, ambako tarehe 16 Juni 1960 askari wa Kireno waliwafyatulia risasi watu waliokusanyika kudai haki zao. Walisema Kimakonde kama sisi, walikula ming'oko kama sisi, na hungewatambua mpaka siku ya chemsha bongo. Aliyeulizwa mji mkuu wa Msumbiji alitakiwa kusema Lourenço Marques. Msichana mmoja wa kwao alisimama, akasema: "Nachingwea, Mwalimu." Kitabuni lilikuwa kosa, lakini viongozi wa nchi yake aliyoijua walikuwa kambini kule. Mwalimu alimpa alama nzima.

Tarehe 25 Aprili 1974 redio ilitangaza kwamba wanajeshi wameipindua serikali Lisbon. Septemba mkataba wa uhuru wa Msumbiji ulitiwa saini Lusaka. Mei 1975 Samora Machel, kiongozi wa Frelimo, alivuka Ruvuma, akaanza safari ya kuipita nchi yake yote kutoka kaskazini hadi kusini, na tarehe 25 Juni Msumbiji ikawa huru. Mwaka uliofuata Lourenço Marques ikawa Maputo. Tulifurahi, tukaimba, halafu madawati yakaanza kubaki wazi. Familia moja baada ya nyingine iliteremka genge na mizigo yake. Msichana wa Nachingwea aliondoka bila kumaliza darasa la saba.

Swali moja Mwalimu hakutuuliza kamwe: na Newala nayo imefika wapi? Nilianza kujiuliza hilo ukubwani, niliposoma kwamba mwaka 1906 Mjerumani Karl Weule alikaa Masasi na Newala, akakusanya vinyago na vyombo vya nyumbani, akanasa nyimbo za watu wetu kwa silinda za nta, akavipeleka Ujerumani kwenye jumba la makumbusho la Leipzig. Sauti za majirani wa babu zangu zilifika Ulaya kabla mtu yeyote wa ukoo wetu hajapanda meli.

Siku hizi wajukuu hunishinda kwa miji mikuu, simu huwajibia. Kwa hiyo nawauliza swali lile jingine: Newala imefika wapi? Wa kwanza alisema Kerala, wa pili Leipzig. Wa tatu alisema Mueda, kwa sababu shangazi yake ameolewa huko, na tangu 2010 daraja la Umoja lilipofunguliwa Mtambaswala hakuna wa kuusingizia mto asipokwenda kumsalimia. Huyo nilimpa alama nzima.