Askari Mbele ya Lango

Katika sala za Jumapili tunawaombea wenye mamlaka, kama Paulo alivyomwagiza Timotheo. Tunawataja rais, wabunge na mahakimu. Askari wa cheo cha chini tunamsahau, ingawa ndiye anayesimama siku nzima kati ya watu wasiosikilizana. Kazi yake huwa ngumu zaidi anapotumwa kulinda kiwanda kinachojengwa kwa kibali halali, huku majirani wakilia kwamba kitawaharibia maji na msitu. Ni rahisi kusema amenunuliwa na matajiri. Sisi tunaona kwamba anastahili kuwapo pale, mradi tujue analinda nini.

Mambo yaliyotokea Grünheide, mji mdogo kusini-mashariki mwa Berlin, Ujerumani, yanatusaidia kufikiri. Mwaka 2020 kampuni ya Tesla ilianza kujenga huko kiwanda cha magari ya umeme. Sehemu ya kiwanja imo ndani ya eneo la hifadhi ya maji ya kunywa, na miti mingi ya misonobari ilipaswa kukatwa. Februari mwaka huo wanamazingira walikwenda mahakamani, na mahakama ikaamuru ukataji usimame. Mashine zikanyamaza. Siku chache baadaye mahakama hiyohiyo ilipima hoja zao, ikaruhusu kazi iendelee. Kiwanda kikafunguliwa Machi 2022.

Kampuni ilipotaka kujipanua, ugomvi ulirudi kwa nguvu. Mapema mwaka 2024 wakazi walipiga kura ya maoni, na wengi wakakataa. Kura hiyo haikuwa na nguvu ya sheria. Wanaharakati wakaingia msituni, wakajenga vibanda juu ya miti, wakalala humo katika baridi. Polisi walitaka vibanda viondolewe. Mahakama ya Potsdam ikasema kambi ibaki. Lakini Machi mwaka huohuo watu fulani walichoma nguzo ya umeme, kiwanda kikasimama, na nyumba za majirani nazo zikakosa umeme. Mwezi Mei waandamanaji walijaribu kuvamia kiwanda, polisi wakawazuia, na watu wakaumia, askari wakiwamo.

Hapa hatuwezi kusema kwa sauti ya chini. Aliyewasha moto ule hakumtendea jirani yake haki, hata kama alikuwa anautetea msitu ambao Mungu aliuumba. Mama mzee aliyekaa gizani hakuwa ametia saini kibali chochote. Askari aliyewazuia wavamizi alikuwa analinda uamuzi uliopitia mlango ulio wazi kwa wote, na mlango huohuo ndio uliowapa watu wa vibandani haki ya kubaki.

Karani wa mji wa Efeso aliliona jambo hili katika Matendo ya Mitume 19. Demetrio na mafundi wenzake wa fedha walikuwa wameujaza uwanja wa michezo kelele, wakihofia riziki yao. Karani hakuwaambia kwamba hawana shida. Aliwaambia mahakama zipo, waende huko wakashitakiane. Hakuwa mwamini, kwa kadiri tunavyosoma, lakini siku ile aliokoa damu.

Basi vipi mlango ukifungwa? Nabothi naye alihukumiwa kwa barua zenye muhuri wa mfalme, na mashahidi wawili, kama torati ilivyotaka. Karatasi zote zilikuwa sawa, na shamba likaporwa. Nasi hatuhitaji kwenda Yezreeli. Owino Uhuru, Mombasa, palikuwa na kiwanda cha kuyeyusha betri kuukuu, na risasi yake ikaingia katika damu za watoto. Phyllis Omido, mama ambaye mwanawe aliugua, aliongoza maandamano; mwaka 2012 akakamatwa na kushitakiwa, kisha mahakama ikamwachia huru. Mwaka 2020 mahakama iliamuru wakazi walipwe shilingi bilioni 1.3, na miongoni mwa waliotakiwa kulipa zilikuwamo mamlaka za serikali zenyewe. Rufaa zilifuata, na mwaka 2024 Mahakama ya Juu ikarudisha fidia ile. Haki ilifika, lakini watoto wengine walikuwa wamekwisha kuzikwa. Polisi waliomkamata Omido bila shaka waliambiwa wanalinda utulivu.

Ndiyo maana tunamwombea askari wa langoni mambo mawili: asimwache mjenzi aumizwe, wala asimchukulie mwenye bango kuwa adui. Na tunayaombea makanisa yetu pia, maana sisi huamka tangatanga linapofika na kuta zimekwisha kupanda. Katika benchi moja huketi fundi anayetegemea ujenzi ule kulipa karo na mama anayechota maji kisimani chini yake. Hapa Kenya, ripoti ya athari za mazingira inapotangazwa, wananchi hupewa siku 30 kutoa maoni kwa maandishi. Jumapili tunasoma matangazo ya ndoa, harambee na mkesha wa vijana. Tangazo lile la siku 30 lingechukua dakika mbili, na mzee wa kanisa angeweza kukaa na wote wawili baada ya ibada, fundi na mama, wakaandika barua moja.